Kura Chache za Kilimani: Nani Ana Haki ya Kudai Zihesabiwe Upya?

Tarehe 25 Agosti 2025 Warundi walirudi vituoni kukamilisha msimu wa uchaguzi ulioanza Juni 5 kwa wabunge na madiwani wa komini. Safari hii hakukuwa na wagombea wa vyama. Yalikuwa yanachaguliwa mabaraza ya vilima, na kwa sisi wa mjini mabaraza ya karitiye: watu watano kwa kila kilima au mtaa, kila mmoja akisimama kwa jina lake mwenyewe. Anayepata kura nyingi kuliko wote ndiye mkuu. Wanne wanaomfuata wanakaa naye barazani. Wa sita anarudi nyumbani.

Magazeti na redio vilishamaliza maneno yao mwezi Juni, chama tawala cha CNDD-FDD kilipojizolea viti vyote 100 vya kuchaguliwa bungeni kwa zaidi ya asilimia 96 ya kura. Kwa tofauti ya namna hiyo hakuna anayezungumzia kuhesabu upya, maana hata masanduku mia yakikosewa mshindi habadiliki. Kilimani mambo ni tofauti. Chukua mfano wa mtaa ambao wagombea wake ni 14, na kura zimetawanyika: wa tano ana 58, wa sita ana 56. Karani aliyechora kijiti kimoja kwenye mstari wa jina la jirani ameshabadili pengo kwa kura mbili, kwa sababu kura inayohama humpunguzia mmoja na kumwongezea mwingine. Kwa kosa hilo moja, lisilo na hila yoyote, wa tano na wa sita wako sawa. Na kama kosa limetokea juu kabisa ya orodha, mtaa umepata mkuu asiye wake kwa miaka mitano.

Miaka mitano si michache kwa kazi aliyonayo mkuu huyo. Ndiye anayeitwa kwanza ndugu wakigombania mpaka wa shamba. Ndiye anayemjua mtu na kumthibitisha anapokwenda komini kutafuta karatasi ya makazi. Bujumbura ndiye anayeulizwa habari za daftari la kaya, lile ambalo ndani yake huandikwa kila anayelala nyumbani, na mgeni aliyefika jana akiwemo. Mwananchi wa Buyenzi au Kinama anaweza kumaliza maisha yake bila kukutana na mbunge, lakini na mkuu wa mtaa wanaonana kila wiki. Hakuna uchaguzi unaomgusa mtu karibu zaidi ya huu, na hakuna ambao kura moja ina uzito kama huu. Ndiyo maana inashangaza kwamba sheria za kudai hesabu irudiwe, katika ukanda wetu mzima, zimeandikwa kwa umakini zaidi kwa ajili ya marais na wabunge kuliko kwa ajili ya vijiji.

Kabla ya kwenda mbali, yatenganishwe mambo matatu ambayo mitaani huchanganywa. Kuhesabu upya ni kurudia hesabu ya karatasi zilezile, bila kuuliza zilipatikanaje. Kukagua kura ni kazi kubwa zaidi: hapo karatasi moja moja hutazamwa kama ni halali, zilizokataliwa huchunguzwa tena, orodha ya waliopiga hulinganishwa na idadi ya karatasi sandukuni. Kubatilisha ni kufuta matokeo na kurudi kwa wapiga kura. Anayelalamika kwamba karani alikosea kujumlisha anahitaji la kwanza. Anayesema kuna kura za watu waliokufa hatasaidiwa na la kwanza hata likirudiwa mara kumi; idadi itatoka ileile. Malalamiko mengi ya vijijini hushindwa hapa, mapema kabisa, kwa sababu mlalamikaji ameomba kitu ambacho hakiwezi kutibu anachokilalamikia.

Mfano mmoja wa mbali unaonyesha jinsi mambo hayo yanavyokaribiana. Jimboni Virginia, Marekani, kiti kimoja cha baraza la wawakilishi kiligombewa mwaka 2017 na Shelly Simonds na David Yancey. Hesabu ya kwanza ilimpa Yancey ushindi mwembamba. Ilipohesabiwa upya, Simonds akawa mbele kwa kura moja tu, 11,608 kwa 11,607. Siku iliyofuata majaji watatu wakaitazama karatasi moja iliyokuwa imekataliwa, ambayo mpiga kura alikuwa amejaza alama za wagombea wote wawili kisha akakata mstari juu ya moja, wakaamua ni ya Yancey. Wakawa sawa. Januari 4, 2018 jina likatolewa kwenye bakuli, na likawa la Yancey. Kuhesabu upya kulileta jibu moja, kukagua karatasi moja kukaleta jingine. Sheria isiyosema ni nani anaamua karatasi yenye utata, na kwa kipimo gani, haijasema lolote kuhusu kuhesabu upya.

Sasa turudi kwetu. Burundi imerithi namna ya kuendesha uchaguzi ambayo shina lake ni Ulaya ya Kifaransa, na katika namna hiyo kinachotawala ni hati ya matokeo, PV, kuliko karatasi zenyewe. Ufaransa jambo hili limefika mwisho wake: kura zisizo na mgogoro huteketezwa mbele ya wapiga kura mara hesabu inapokwisha, na zinazobaki ni zile zilizokataliwa au zenye utata, zikiambatanishwa na hati. Asubuhi yake hakuna sanduku la kufungua. Mantiki yake ni kwamba hesabu ilifanyika hadharani, kila aliyetaka kuona aliona, kila aliyetaka kupinga alipinga na upinzani wake ukaandikwa. Katika mapokeo ya Kiingereza, ambayo Kenya, Uganda na Tanzania wameyafuata kwa viwango mbalimbali, karatasi hutiwa kwenye mifuko au masanduku, hupigwa lakiri na kuhifadhiwa, ili hakimu akitaka azione.

Sioni kwamba mapokeo ya hati ni mabaya. Yana nguvu moja kubwa: yanamaliza ubishi usiku uleule, chumba kilekile, mbele ya watu walewale. Lakini yanasimama kwa mguu mmoja. Hati isipotolewa nakala, au ikitolewa kwa wengine na wengine wakanyimwa, hakuna pa kurudi.

Hili si la nadharia kwetu. Sheria ya uchaguzi ya Burundi imeandikwa na kurekebishwa mara kadhaa, 2005, 2009, 2014, 2019 na 2024, na mara zote msingi umekuwa uleule: kura huhesabiwa kituoni, hadharani, mara baada ya kituo kufungwa, hati huandikwa na kutiwa sahihi, kisha takwimu hupanda kutoka komini hadi mkoa hadi makao makuu ya Tume ya Uchaguzi, CENI. Ngazi za Tume tunazijua kwa vifupisho vyake, CECI ya komini na CEPI ya mkoa. Kwa chaguzi za juu mwamuzi ni Mahakama ya Katiba. Kwa chaguzi za chini, mlango wa kwanza wa mlalamikaji ni matawi ya Tume hiyohiyo iliyohesabu.

Baada ya uchaguzi wa komini wa Mei 24, 2010, ambao CNDD-FDD ilipata asilimia 64, vyama vya upinzani vilidai kwamba mawakala wao walinyimwa nakala za hati vituoni, na vikataka uchaguzi wote ufutwe. CENI, iliyokuwa ikiongozwa na Pierre Claver Ndayicariye, ikakataa. Vyama hivyo vikaungana katika ADC-Ikibiri na kususia uchaguzi wa rais, na Juni 28 Rais Pierre Nkurunziza akasimama peke yake. Nimeyasoma mabishano ya mwaka ule mara nyingi, na kinachoniuma ni jinsi pande zote mbili zilivyoruka juu ya hatua ya katikati. Upande mmoja ulitaka kila kitu kifutwe, mwingine ukataka kila kitu kibaki, na hakukuwa na njia iliyozoeleka ya kusema: tuleteeni vituo hivi vyenye mgogoro, tuviangalie kimoja kimoja. Njia hiyo ingekuwepo na kuaminika, huenda nchi ingepita mlango mwingine.

Miaka 10 baadaye, Mei 2020, chama cha upinzani cha CNL, kilichoongozwa wakati huo na Agathon Rwasa, kilikwenda Mahakama ya Katiba baada ya Évariste Ndayishimiye kutangazwa mshindi wa urais kwa asilimia 68.72 dhidi ya 24.19. Shauri lilifunguliwa Mei 28 na kukataliwa Juni 4. Siku saba kwa nchi nzima. Mwenye kulalamika alipaswa kuwa ameshakusanya hati zake tangu usiku wa hesabu, la sivyo alikuwa ameshashindwa kabla ya kuingia mlangoni. Hali haikuwa tofauti kwa majirani zetu ng'ambo ya mto Ruzizi: mgombea Martin Fayulu alipoomba Mahakama ya Katiba ya Kongo iamuru kura za rais za Desemba 2018 zihesabiwe upya kwa mkono, ombi lilitupwa usiku wa Januari 19 kuamkia 20, mwaka 2019.

Hao ni vigogo wenye mawakili na vyama nyuma yao. Mgombea wa kilimani hana chama. Sheria imemtaka asimame huru, kwa nia njema ya kuuepusha mtaa na mivutano ya kisiasa, ingawa kila mtu mtaani anajua nani ni wa chama gani. Matokeo yake ni kwamba mgombea huyu ameondolewa msaada ambao chama humpa: wakala aliyefundishwa, fomu, mwanasheria wa kupiga simu. Anayetazama hesabu kwa niaba yake ni shemeji au mtoto wa jirani, aliyekaa tangu alfajiri bila kula. Jioni inaingia, darasa la shule ya msingi halina umeme, simu zimewashwa tochi. Mkuu wa kituo anafungua karatasi, anainua, anataja jina; mwenzake anachora vijiti ubaoni, vitanovitano. Karatasi ya mia na kitu inatajwa jina moja na kijiti kinakwenda kwenye jingine. Shemeji ameona. Afanye nini? Akisema, je, kuna mtu analazimika kumsikiliza?

Swali hilo ndilo kiini cha somo zima, na nchi iliyolijibu vizuri zaidi katika ukanda wetu ni Kenya. Kanuni za uchaguzi za Kenya za mwaka 2012, kanuni ya 80, zinampa mgombea au wakala aliyepo haki ya kumtaka msimamizi wa kituo arudie kuhakiki na kuhesabu mara hesabu inapokamilika. Msimamizi mwenyewe anaweza kufanya hivyo bila kuombwa. Hesabu hairudiwi zaidi ya mara mbili, ili pasiwe na mtu wa kuwakalisha watu usiku kucha kwa ukaidi. Na sehemu ninayoipenda kuliko zote ni ile inayofuata: hakuna hatua nyingine itakayochukuliwa kabla mawakala waliopo hawajapewa nafasi ya kutosha ya kuitumia haki hiyo. Yaani msimamizi haruhusiwi kufunga sanduku harakaharaka kisha akasema hakuna aliyeomba. Muuza duka mwaminifu anakuachia uhesabu chenji yako kabla hujatoka mlangoni.

Kenya haikuishia kituoni. Uchaguzi wa chini kabisa huko ni wa mwakilishi wadi, na kesi yake husikilizwa na hakimu aliyeteuliwa kwa kazi hiyo, si lazima Mahakama Kuu. Mlalamikaji ana siku 28 tangu matokeo yatangazwe, na hakimu ana miezi sita ya kuamua. Ndani ya kesi hiyo anaweza kuomba kura zihesabiwe upya au zikaguliwe, ila mahakama za Kenya zimekuwa zikisisitiza kwamba ataje vituo na aonyeshe sababu. Hawezi kuja na shaka tupu akitaka afunguliwe masanduku yote ili atafute kosa humo ndani. Mahakama ya Juu yenyewe ilipoamuru masanduku yafunguliwe katika kesi ya urais ya 2022, ilitaja vituo 15, vya Nandi, Kericho na Mombasa, na kazi ikamalizika ndani ya siku 14 ambazo katiba inaipa mahakama hiyo kwa kesi nzima.

Wapo watakaosema Kenya si mfano wa kuigwa kwa utulivu wa uchaguzi. Sikubaliani kwamba hilo linaifuta hoja. Kenya imefika kwenye kanuni hizi kwa sababu ya majeraha yake, na jeraha mojawapo linahusu kabisa mada yetu. Mwaka 1988 kura za mchujo za chama tawala cha KANU zilipigwa kwa mlolongo: watu walijipanga nyuma ya mgombea au picha yake, wakahesabiwa, wakaenda zao. Zikabaki simulizi za mistari mirefu iliyotangazwa kuwa mifupi. Hakukuwa na karatasi ya kurudia kuhesabu, kwa sababu kura ilikuwa mtu, na mtu alishakwenda nyumbani kupika.

Mstari haujafa. Uganda ilichagua wenyeviti wa vijiji, LC1, tarehe 10 Julai 2018 kwa watu kujipanga nyuma ya wagombea, baada ya miaka mingi ya kuahirishwa. Rwanda nayo hupanga watu foleni katika uchaguzi wa umudugudu, yaani kijiji. Sababu inayotolewa ni gharama, na si sababu ya kupuuzwa: kuchapisha karatasi kwa vijiji zaidi ya 60,000 vya Uganda ni fedha nyingi. Inatolewa pia sababu ya uwazi, kwamba kila mtu anaona kwa macho yake. Kweli anaona, lakini anaona kwa dakika 10 tu. Ukiuliza baadaye kama mstari wa huyu ulikuwa na watu 112 au 121, jibu liko kwenye kumbukumbu za watu ambao nusu yao ni wa upande huu na nusu wa upande ule. Na mwanamke aliyejipanga nyuma ya mpinzani wa mwenye nyumba wake haulizwi na sheria kama angependa asimame tena hapo ahesabiwe mara ya pili. Kura ya mstari haina siri na haina ushahidi; imepoteza vyote viwili kwa wakati mmoja. Kwa hili Burundi, yenye kura ya siri hadi kilimani, iko mbele ya Uganda na Rwanda, na si vibaya kulisema kwa fahari.

Jambo la kusikitisha ni kwamba Uganda hiyohiyo, kwa wabunge wake, ina sheria nzuri. Sheria yake ya uchaguzi wa wabunge ya mwaka 2005 inampa mgombea siku saba tangu matokeo yatangazwe kwenda kwa hakimu mkuu kuomba kura zihesabiwe upya, na hakimu anatakiwa kupanga hesabu hiyo ndani ya siku nne tangu apokee ombi. Muda mfupi, mamlaka karibu, hakimu badala ya ofisa aliyehesabu mwanzo. Kwa kijiji hakuna cha kumpelekea hakimu.

Tanzania ina karatasi na ina sanduku, lakini ina tatizo la aina nyingine. Uchaguzi wa vijiji, vitongoji na mitaa wa Novemba 27, 2024 ulisimamiwa na TAMISEMI, wizara iliyo chini ya Ofisi ya Rais, kwa kanuni zilizotungwa na waziri wake, na chama tawala cha CCM kikatangazwa kushinda zaidi ya asilimia 98 ya nafasi. Aliyetaka kupinga alielekezwa Mahakama ya Wilaya. Mahakama kuwepo ni jambo jema. Ila mgogoro mkubwa wa uchaguzi ule, kama wa 2019 uliosusiwa na vyama vikuu vya upinzani, ulianza kabla ya kura: wagombea kuenguliwa kwa makosa ya fomu. Mgombea ambaye jina lake halikufika kwenye karatasi hana kura za kuhesabiwa upya. Nalisema hili ili tusiipe hesabu ya pili sifa isiyo yake. Inatibu hesabu tu.

Na hata pale ambapo sheria iko, hakimu yuko na karatasi zipo, bado kuna suala la ghala. Nchini Malawi, baada ya uchaguzi wa Mei 2014, mahakama iliamuru kura za jimbo la Lilongwe City South East zihesabiwe upya. Kabla hazijahesabiwa, ghala zilimohifadhiwa likaungua. Mgogoro ukaburuzwa miaka mitatu, hadi uchaguzi mdogo wa Oktoba 2017, na Ulemu Msungama, aliyekuwa amelalamika tangu mwanzo, akashinda. Wananchi wa jimbo hilo waliwakilishwa kwa sehemu kubwa ya muhula na mtu ambaye ushindi wake ulikuwa ukibishaniwa. Kila siku inayopita kati ya hesabu ya kwanza na ya pili ni siku ya kulinda sanduku, na kilima cha Burundi hakina ghala wala mlinzi. Ndiyo sababu nyingine inayonifanya niamini kwamba kwa uchaguzi wa kilima haki hii lazima iishi chumbani, usiku uleule, na mahakama iwe ni ya kukimbilia haki hiyo inapokataliwa.

Wanaoogopa kuruhusu hesabu za pili huleta hoja ya amani, na Burundi hoja hiyo haichekwi. Nchi iliyopita machafuko ya 2015, iliyoona majirani wakikimbia majirani hadi kambi za wakimbizi za Nyarugusu na Nduta, Tanzania, ina haki ya kuogopa umati uliosimama nje ya darasa usiku ukisubiri hesabu irudiwe. Inasemwa kwamba wapenda vurugu wataomba hesabu kila kituo ili kuchelewesha, na kwamba aliyeshindwa kwa kura 200 hana sababu ya kuwachosha makarani. Ni kweli, na kuna jibu la kisheria. Florida, Marekani, huweka kizingiti: tofauti ikiwa asilimia 0.5 au chini, hesabu hurudiwa bila mtu kuomba, hivyo hakuna wa kuitwa mkorofi. Kwa kilima, kizingiti kifaacho kingekuwa cha idadi ya kura, chache zinazohesabika kwa vidole vya mikono miwili, na kiangalie nafasi mbili tu zenye maana: kati ya wa kwanza na wa pili, na kati ya wa tano na wa sita. Nje ya kizingiti hicho mwombaji aseme sababu yake na iandikwe.

Hoja ya amani ina upande wake wa pili ambao husahauliwa. Zanzibar ilipiga kura Oktoba 25, 2015. Siku tatu baadaye mwenyekiti wa Tume ya Uchaguzi ya huko, Jecha Salim Jecha, akautangaza uchaguzi wote kuwa umefutwa, na ukarudiwa Machi 20, 2016 huku chama cha upinzani cha CUF kikisusia. Kama palikuwa na vituo vyenye kasoro, vituo hivyo vingeweza kufunguliwa na kuhesabiwa mbele ya wote. Haikufanyika. Dawa ndogo ikikosekana, watu hutumia kubwa, na kubwa ndiyo inayovunja nyumba.

Kuna wazo linalosikika Bujumbura kwamba ugomvi wa kura za kilima upelekwe kwa bashingantahe, wazee waliokula kiapo cha kusema kweli, kwa kuwa wao ndio wanaojua kusuluhisha bila kuacha kisasi. Nawaheshimu, na ningependa wakae mstari wa mbele darasani kura zinapohesabiwa, maana mashahidi wanaoaminika ni nusu ya haki. Lakini suluhu na hesabu ni vitu viwili. Msuluhishi huwaomba wote wawili walegeze kidogo ili waishi pamoja. Kura 58 hazilegezwi ziwe 57 kwa ajili ya ujirani mwema.

Kwa hiyo, kwa maoni yangu, sheria ya uchaguzi ya Burundi ikifunguliwa tena kabla ya mabaraza haya kumaliza muda wake mwaka 2030, sehemu ya vilima iandikwe upya kwa kuanzia kwenye chumba cha hesabu. Mgombea au mwakilishi wake aliyepo awe na haki ya kutaka hesabu irudiwe mara moja, na ya pili kwa sababu iliyoandikwa, kabla hati haijatiwa sahihi. Na mkuu wa kituo awe na wajibu wa kuuliza kwa sauti kama kuna anayeitaka. Vijiti vya hesabu ya pili vichorwe na mtu mwingine, si yule wa mwanzo. Nakala ya hati apewe kila mgombea, nyingine ibandikwe mlangoni, na yeyote aruhusiwe kuipiga picha kwa simu. Karatasi zibaki chini ya lakiri komini kwa siku zilizotajwa. Aliyekataliwa hesabu ya pili aende kwa hakimu wa karibu ndani ya siku chache, akiwa na hati yake mkononi, na hakimu huyo asiwe ofisa wa CENI, kwa sababu hakuna chombo kinachopaswa kuwa hakimu wa hesabu yake chenyewe. Ada ya ombi iwe ndogo kiasi ambacho muuza mboga wa soko la Kinama anaweza kuilipa.

Hakuna kati ya haya kinachohitaji mashine wala msaada wa wafadhili. Ubao upo, chaki ipo, watu wapo chumbani tayari. Wabunge walioketi katika bunge la Kigobe tangu mwaka 2025 wana muda wa kutosha wa kuyaandika, na ninyi mliopiga kura Agosti 25 mna kila sababu ya kuwauliza, mmoja mmoja kwa jina, wanangoja nini.